Rufaa niliyoandika ili nisiseme

Kuna karatasi nimeiandika mara nyingi sana kwenye hii kazi na leo nataka niiongelee, maana imenikaa kifuani muda mrefu. Ni karatasi ya rufaa. Unaijua, ile yenye jina la mgonjwa, umri, historia kwa kifupi, vipimo vilivyofanyika, sababu ya rufaa, halafu chini sahihi na muhuri. Ukishazoea unaijaza kwa dakika sita. Kumwambia mtu kwamba ugonjwa wake hauponi ni saa nzima, na ukitoka hapo huna nguvu ya kwenda kuwaona wale arobaini waliobaki kwenye benchi nje.

Mimi ni daktari wa kawaida, si bingwa, nafanya kazi hospitali ya wilaya huku Nyanda za Juu Kusini, huu mwaka wa tisa. Wilaya sitaitaja, na watu nitakaowasimulia nimebadilisha vitu vidogo vidogo wasijulikane, ila mambo yenyewe yalikuwa hivyo hivyo.

Mzee alikuja mwezi wa kumi. Mkulima, sitini na kitu, shati limepigwa pasi vizuri kabisa. Kitu cha kwanza nilichokiona ni mkanda wake. Ulikuwa na matundu matatu mapya yaliyotobolewa kwa msumari, yale ya kiwandani yameachwa mbali kabisa, na ncha ya mkanda imezunguka karibu ifike mgongoni. Nikamwamkia, akaitikia marahaba mwanangu, sauti imekwaruza, na kwa ugonjwa aliokuwa nao sauti ikishakwaruza hivyo ni dalili mbaya, maana yake uvimbe umeshagusa mshipa wa fahamu unaokwenda kwenye koromeo.

Alikuwa na saratani ya umio, ile njia ya chakula. Huku kwetu tunaiona sana, ukanda huu wote wa Afrika Mashariki kuanzia Ethiopia kushuka Kenya mpaka Malawi unaijua, na watafiti wanaendelea kutafuta sababu, vinywaji vya moto sana vikiwa miongoni (mwaka 2016 wataalamu wa saratani wa Shirika la Afya Duniani waliviweka vinywaji vinavyozidi nyuzijoto 65 kwenye kundi la vitu ambavyo huenda vinasababisha saratani, na nani huku anakunywa chai ya uvuguvugu). Inakuja kwa hatua na kila mgonjwa anakusimulia zilezile. Ugali unaanza kukwama, anausindikiza na maji. Anahamia wali laini, kisha uji, kisha uji wenyewe unarudi. Mzee alipofika kwetu alikuwa anatembea na kikopo cha plastiki chenye mfuniko, cha kutemea mate, kwa sababu hata mate yake mwenyewe hayapiti.

Walikuwa wameshakwenda hospitali kubwa. Kamera imeingizwa, kinyama kimechukuliwa, picha zimepigwa, majibu yote yalikuwa kwenye bahasha ya nailoni aliyoishika mtoto wake mkubwa. Nikasoma. Ilikuwa imeshafika kwenye ini. Nikamuuliza kijana, kule waliwaambiaje? Akasema walituambia imesambaa kidogo, turudi nyumbani tujipange. Tujipange! Na wao kama watu wenye akili wakajipanga kweli, wakaamua kuuza maksai wawili, wale wa kulimia, wakaja kwangu kuomba karatasi ya kwenda Ocean Road, hospitali ya saratani kule Dar es Salaam. Akanivuta pembeni, akaniambia kwa sauti ya chini, dokta, mzee hajui ni kansa, tafadhali usimwambie, presha yake itapanda.

Nikarudi kwa mzee. Alikuwa amekaa kimya anaangalia dirishani, akaniuliza swali moja tu.

"Mwanangu, huko ninakopelekwa, watanirudishia kula?"

Nikamjibu, "Huko kuna wataalamu zaidi, mzee."

Akasema haya. Mimi nikavuta kitabu cha rufaa nikaandika.

Nimelirudia jibu langu hilo kichwani mara nyingi. Si uongo. Wataalamu wapo kule, zaidi yangu kwa mbali sana. Ila hakuniuliza kama kuna wataalamu, aliniuliza kama atakula, na jibu nilikuwa nalo kwenye ile bahasha, na yeye alikuwa mtu wa pekee kwenye kile chumba asiyejua kilichoandikwa kuhusu mwili wake.

Mwezi wa pili yule kijana alikuja hospitali, kaleta mtoto wake ana homa. Akanitafuta mwenyewe, akanisalimia kwa heshima, akanisimulia. Walifika Dar wakakaa kwa ndugu yao Mbagala, mzee akachoka sana na ile safari ya zaidi ya kilomita 800, siku ya tatu alfajiri akafariki, kesho yake ndiyo ilikuwa siku ya kwenda kliniki. Kwa hiyo kule Ocean Road hata getini hakufika, hawana kosa lolote. Kwenda walikwenda na basi, nauli za watu watatu. Kurudi ilibidi wakodi gari, jeneza, dawa ya kuhifadhi mwili, mafuta, dereva na posho yake, zilitoka 2,800,000. Maksai walishaisha, ikaongezwa mikopo ya kikundi na ng'ombe mmoja wa maziwa wa shemeji. Msimu ule walilima kwa jembe la mkono.

Halafu akaniambia, dokta tunakushukuru sana, wewe ulitupambania.

Sikujua niweke wapi uso wangu. Na akaendelea, sijui kama alijua anachonifanyia, akasema mzee siku zile za Dar alikuwa haulizi habari ya ugonjwa, anauliza tu maksai, ng'ombe wamebaki wangapi, nani anawapeleka majini, na mimi nikawa namjibu wote wapo baba, wote wapo. Nikamdanganya mpaka mwisho.

Nikaona mnyororo mzima hapo. Mimi sikumwambia kijana ukweli kwamba ile safari haitabadilisha kitu, yeye akauza ng'ombe, halafu ikabidi amdanganye baba yake kuhusu hao ng'ombe, na baba akafa kwenye godoro la sebuleni kwa watu akiulizia mifugo ambayo haipo. Kama angejua, je, angekubali wauzwe? Sijui. Walikuwa wake. Shamba lake, mwili wake, na siku zilizobaki zilikuwa zake. Tamko la Geneva, kile kiapo cha madaktari cha mwaka 1948, mwaka 2017 liliongezewa maneno ya kuheshimu uhuru wa mgonjwa kujiamulia na utu wake. Kujiamulia. Mzee hakuamua hata kimoja, alibebwa tu, kwa upendo mkubwa sana, na kila aliyembeba alikuwa anaogopa.

Na kinachoniuma zaidi ni kwamba vya kufanya vilikuwepo hapahapa. Tungeweza kumwekea mpira wa kulishia tumboni, ni operesheni ndogo, tunaifanya. Angepata uji, maziwa, maji, siyo kwa mdomo lakini asingekauka kwa kiu. Kuna na vile vibomba vinavyowekwa ndani ya umio vikatanua njia, hospitali ya Tenwek kule Bomet, Kenya, imejulikana miaka mingi kwa kazi hiyo, kwetu havipatikani kirahisi ila ningeweza kupiga simu kuuliza kabla ya kuandika rufaa ya upofu. Na mofini ya kunywa kwa maumivu. Hivyo vyote vinahitaji mtu kwanza akubali kusema kwamba hatutibu tena saratani, sasa tunamtibu mzee. Bila hiyo sentensi huwezi kuomba mofini, maana ndugu watakuuliza mbona mnampa dawa za watu wanaokufa.

Kwa nini sikusema? Nimejiuliza sana na sitaki kujipa jibu rahisi. Foleni ilikuwepo, kweli. Kijana aliniomba nisiseme, kweli, na huku kwetu mtoto mkubwa akikuomba jambo kuhusu baba yake unaanzia wapi kumkatalia, wewe ni mgeni kwenye hiyo familia na wao ndio watakaobaki. Lakini kuna la ndani zaidi. Mwaka wa mafunzo kwa vitendo, baada ya ile miaka 5 ya chuo, daktari mmoja mkubwa wangu alinipa ushauri kwa nia njema kabisa: mgonjwa akiwa mbaya mwandikie rufaa mapema, asikufie. Asikufie. Ukilisikiliza hilo neno vizuri utaona kifo kimeshahama kutoka kwa mgonjwa kimekuwa kitu kinachomtokea daktari. Na mimi nikakua hivyo kikazi, rufaa ikawa mlango wa nyuma, mgonjwa anatoka na matumaini, ndugu wanatoka na shukrani, mimi natoka sijasema kitu, na kifo kinakwenda kutokea kwenye basi au kwenye gesti au kwa ndugu wa Mbagala, mbali na wodi yangu.

Sasa msomaji unaweza kusema basi mkatae kuandika rufaa za namna hiyo. Ngoja nikusimulie mwingine.

Mwaka wangu wa pili aliletwa mtoto wa kiume wa miaka sita, taya la kushoto limevimba mpaka jicho limesukumwa juu, meno yanaelea, mdomo haufungi, harufu. Mama yake alimfunika na kanga kichwa kizima kwa sababu watu kwenye gari walikuwa wanageuza nyuso. Wodini kila mtu aliona huyu ni wa kumwombea tu. Mimi mwenyewe niliona hivyo. Aliyekuwa zamu na mimi, mwanamke mmoja mkimya sana, tabibu mwenye uzoefu kuliko mimi, akasema hii ni Burkitt, hii inasikia dawa, mwandikie leo hii. Ni saratani aliyoielezea daktari Denis Burkitt mwaka 1958 akiwa Uganda, inakua haraka ya kutisha, unaweza kuuona uvimbe umeongezeka kutoka raundi ya jana hadi ya leo, na kwa sababu inakua haraka hivyohivyo dawa zinaiyeyusha haraka. Akaenda Muhimbili. Miezi saba baadaye mama akaja na mtoto amevaa yunifomu ya shule, shavu limekaa mahali pake, amebaki na pengo la meno tu. Anakimbia kwenye korido. Nililia chooni.

Kwa hiyo nani mimi nifunge mlango? Ningekuwa peke yangu siku ile yule mtoto ningemwambia mama yake arudi nyumbani, ningesema ukweli, ukweli wangu ambao ulikuwa si kweli. Hili ndilo linalokukaba. Ukiandika kila mtu rufaa unafilisi familia, ukikataa unaweza kuua mtu ambaye angekimbia kwenye korido. Wengine wanasema daktari mwenye busara anajua tofauti, na mimi nasema busara hiyo inaletwa na kujua ugonjwa, si kumwangalia mtu sura. Mtoto yule alikuwa anatisha kumwangalia na alikuwa anapona. Mzee alikuja amenyoosha shati na alikuwa anakufa.

Baada ya habari za mzee nikaapa moyoni nitakuwa nasema. Na nikasema, na nikakosea tena, kwa namna nyingine.

Alikuwa mama wa miaka arobaini na kitu, saratani ya mlango wa kizazi, hiyo ndiyo inayoongoza kwa wanawake wa nchi hii. Chanjo ya wasichana ilianza kutolewa nchi nzima mwaka 2018, yeye ilimpita kwa miaka mingi sana. Saratani imeshabana mirija ya mkojo pande zote mbili na figo zimeanza kushindwa, na kule alikotibiwa walishamaliza walichoweza. Nilikaa naye. Nilivuta kiti, nikazima simu, nikamuuliza unataka kujua, akasema ndiyo. Nikamwambia. Akanyamaza muda mrefu anakunja na kukunjua pindo la shuka, halafu akauliza, kabla ya Pasaka au baada? Nikamwambia sijui, ila nafikiri tunaongea habari ya miezi, si miaka. Akaniomba simu akampigia kaka yake aje, wakakaa hapo kitandani wakapanga mtoto wa mwisho atakaa kwa nani, kiwanja kina karatasi gani, deni la vikoba ni kiasi gani. Nilitoka pale nikijiona nimefanya kazi ya udaktari kwa mara ya kwanza.

Siku nne baadaye binti yake mkubwa akafika kutoka Tunduma anakofanya biashara. Hakuna aliyekuwa amemwambia. Alikuta mama yake amegawa kanga zake. Akanijia ofisini akiwa anatetemeka, akasema wewe ndiye umemkatisha tamaa mama yangu, alikuwa anapigana, wewe umemwambia afe. Akamtoa siku ileile, wakaenda kwa mtu wa maombi ambaye aliwaambia dawa zote ziachwe, imani haichanganywi. Chupa ya mofini niliyompa ilirudishwa wodini karibu imejaa. Alifariki kabla ya Pasaka, na nesi wetu mmoja anayeishi jirani na pale aliniambia alisikika usiku.

Alisikika usiku. Sijui niandike nini zaidi hapo.

Nikisema hivi simtupii lawama binti, na hata yule wa maombi sitaki kumfanya ndiye habari yenyewe. Nikimnyima mtu matumaini bila kubaki naye, kuna mwingine barabarani anayo ya kuuza na hana foleni. Kosa langu lilikuwa kudhani ukweli ni kitu unachomwambia mtu mmoja kitandani ukamaliza. Huku kwetu mgonjwa si mtu mmoja. Kuna anayelipa, kuna anayelala chini ya kitanda kwenye mkeka, kuna aliye mbali anayetuma hela na ndiye mwenye sauti, na ukimwacha huyo wa mbali nje atakuja kuvunja kila mlichojenga, kwa sababu wenzake wamelia wiki nzima na yeye ndiyo kwanza anaanza. Vitabu tulivyosomea vimejaa mgonjwa na daktari wake, wawili tu chumbani. Mimi sijawahi kuwa na chumba cha namna hiyo.

Kuna watu wamelifanya hili vizuri muda mrefu na hatuna haja ya kwenda Ulaya kujifunza. Uganda, daktari Anne Merriman alianzisha Hospice Africa pale Kampala mwaka 1993 na dawa yao kubwa ilikuwa mofini ya unga inayochanganywa na maji, rahisi, mgonjwa anakunywa kwake nyumbani, na sheria ikarekebishwa ili manesi waliosomea hiyo kazi waruhusiwe kuiandika wenyewe bila kusubiri daktari. Nesi anafika nyumbani, anakaa na ukoo mzima, anajua mlango wa kuingilia. Arusha, hospitali ya Selian wana timu inayofuata wagonjwa majumbani. Tiba shufaa, ndiyo jina tulilolipa kwa Kiswahili, na nalipenda, maana shufaa ni kumsimamia mtu, kumwombea mbele ya mwenye uwezo. Kwetu wilayani tiba shufaa ni mimi, nesi mmoja aliyehudhuria semina, na kabati la mofini lenye kufuli mbili ambalo funguo moja mwenye nayo akienda likizo inakuwa shida. Na bado watu wanaogopa hiyo dawa, manesi wenyewe wanaogopa, ukiandika dozi inayotosha wanakupigia simu usiku kuuliza una uhakika dokta.

Siku hizi nafanya hivi. Kabla sijagusa kitabu cha rufaa namwambia mgonjwa mwenyewe, mbele ya ndugu, mzee au mama, majibu yameshatoka, ungependa nikueleze wewe au nimweleze nani kwa niaba yako? Hapo ndugu huwa wanashtuka, wengine wananikanyaga mguu. Lakini mgonjwa anajibu. Babu mmoja aliniambia mweleze huyu mke wangu, mimi nimeshajijua toka mwezi wa nne, akageukia ukutani akalala, na huo nao ni uamuzi, niliuheshimu. Bibi mwingine akasema niambie mimi, halafu unifundishe nitawaambiaje hawa. Kumbe wiki zile zote wanaye hapo wodini wanamficha, naye alikuwa anawaficha wao.

Pia nauliza swali la ng'ombe. Nauliza wazi kabisa, hiyo hela ya safari inatoka wapi, mnauza nini? Mwanzoni niliona aibu, nikaona si kazi ya daktari kuingia kwenye zizi la mtu. Sasa naona karatasi yangu ndiyo inayofungua zizi, bora niangalie ndani kabla. Wapo ninaowaambia uzeni, nendeni kesho, huu unapona. Wapo ninaowaambia mkibaki hapa nitamwekea mpira, nitampa dawa ya maumivu, na nitakuwepo, na mkiamua kwenda bado nitawaandikia kwa moyo mweupe kwa sababu kwenda nako ni haki yao. Wengi bado wanakwenda. Sijui kama nimepunguza hata safari tano.

Sasa hivi ninapoandika, wodi ya wanawake kitanda cha kumi na moja kuna mama ana saratani ya ini. Anajua, nilimwambia juzi. Ana watoto watano, watatu wamefika, mmoja yuko njiani kutoka Morogoro, mmoja yuko Muscat anafanya kazi za ndani, huyo ndiye amelipia vipimo vyote na ndiye anataka mama apelekwe Dar. Mama ameniomba nisimpigie bila yeye. Anataka tupige simu ya video wote tukiwa kitandani kwake, yeye ndiye aanze kusema, mimi nimalizie akishindwa. Tumekubaliana kesho saa mbili asubuhi, kabla ya raundi. Nimemwomba nesi wa zamu achaji simu yake usiku, ya kwangu kioo kimepasuka na picha haionekani vizuri, na huyo binti inabidi amwone mama yake usoni.